Mafomani Tele, Karai Halina Mbebaji

Mwanza hii saidia fundi wameisha. Mkisikia mtu analia kwamba ajira hakuna, mwambieni aje Buhongwa saa kumi na mbili asubuhi, aite kwa sauti "nani anabeba zege?", aone vijana wanavyogeuka wote kwa pamoja kuangalia mlimani.

Mimi nimeita juzi. Akajitokeza mmoja, helmeti ya njano kichwani, kizibao cha kung'aa ambacho kiliacha kung'aa zamani, buti la kushoto lina kamba, la kulia limefungwa kwa waya wa nondo. Akanisalimia vizuri tu, shikamoo mzee, marahaba mwanangu. Halafu akauliza: "Hiyo saiti yenu ina ofisa usalama?"

Saiti yenyewe ni choo cha shimo na ukuta wa kozi sita, kule Nyashishi. Nikamwambia ofisa usalama ni mimi, na kazi yangu ni kukupigia kelele usitumbukie. Akatafakari. Akauliza kama kuna usafiri wa kupeleka na kurudisha wafanyakazi. Nikamwonyesha baiskeli. Akarudi kukaa.

Tatizo ni daraja. Sisemi vibaya juu ya daraja, msinielewe vingine. Kigongo–Busisi, sasa Daraja la J.P. Magufuli, kilomita 3 juu ya maji, kazi ilianza 2020, Rais Samia akalizindua tarehe 19 Juni 2025, zaidi ya bilioni 700 zimesimama pale ziwani. Nimepita juu yake, nimepiga picha, nimemrushia shemeji yangu wa Tabora ili apunguze maneno. Daraja ni zuri. Wanaonisumbua ni waliolijenga, na zaidi wale waliosimama jirani wakati linajengwa.

Maana kazi ilipoisha, watu walirudi mtaani kwa mkupuo, na kila mmoja karudi fomani, yaani msimamizi mwenye cheo. Aliyekuwa anashika bendera nyekundu kuzuia magari karudi mtaalamu wa barabara. Aliyekuwa anasonga ugali kambini karudi msimamizi wa idara. Mtaani kwetu Mkolani kuna mmoja alikuwa mlinzi wa usiku, analinda rundo la kokoto zisitoroke. Leo hii ukichanganya zege mbele yake anainama, anachota kidogo kwa kidole, anasikilizia, anasema, "Hii haijafika gredi." Gredi ngapi, kaka? Hakwambii. Anatikisa kichwa, anamaliza chai yako, anaondoka.

Wale walioshika kazi kwelikweli, wafunga nondo, wachomeleaji, waendesha mitambo, hao hata hatukuwaona wakirudi. Wamefuata chuma kinakokwenda. Wengine wako kwenye reli ya kisasa ya Mwanza–Isaka, ile kilomita 341 ambayo jiwe lake la msingi liliwekwa Juni 2021. Wengine wamepita na bomba la mafuta linalotoka Hoima kwenda Tanga. Mchomeleaji aliyeonja ujenzi wa MV Mwanza pale bandari ya Mwanza South, meli ya mita 92.6 ya kubeba abiria 1,200, unadhani atakuja kukuchomelea geti la mbuzi? Atakuja, lakini kwa bei ya meli.

Na daraja hilohilo limenivurugia jambo jingine ambalo siku ya uzinduzi hakuna aliyelitaja. Zamani kijana akichoka na zege, akasema anakimbilia machimbo ya dhahabu Geita, ilikuwa lazima apitie kivuko. Anafika Kigongo, anakuta foleni ya malori. Anakaa. Jua linampiga. Ananunua mahindi ya kuchoma, hela inapungua. Anaanza kujiuliza: hivi huko shimoni kuna mjomba gani anayenisubiri? Kufika saa nane mchana nimeshampigia simu nikamwambia jioni kuna advansi, anageuza. Kile kivuko kilikuwa ndiyo idara yangu ya rasilimali watu. Sasa hivi kijana anatoka saitini kwangu anasema anakwenda kujisaidia, dakika chache yuko Sengerema, na karai langu kaondoka nalo.

Wanaobaki nao wana mambo yao. Saidia fundi anataka 15,000 kwa siku, na kabla ya kushika chepe anakutumia namba ya kumtumia hela. Saa nne chai. Saa tano mkeka wa kubeti mpira, lazima utumwe kabla Waingereza hawajaanza kucheza. Saa sita anaanza kuuliza saa sita ni lini.

Lakini ngoja niwatetee kidogo, maana hata mimi nilianzia kwenye karai. Kubeba zege si kazi ya kumtania mtu. Slabu, ile sakafu ya zege ya ghorofa, ikianza kumwagwa haisimami; ukiisimamisha katikati, zege la mwanzo linaganda na la baadaye halishikani nalo vizuri, slabu inabaki na mshono. Kwa hiyo mnapanda ngazi ya mirunda na karai kichwani, chini mmoja anajaza, juu mmoja anamwaga, nyimbo zinaanza, matusi yanafuata, na asubuhi yake huwezi kugeuza shingo kumwitikia mkeo. Jukwaa lenyewe limefungwa kwa kamba ya katani. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi upo, unafanya kazi tangu 2015, lakini kudai kunaanza na mwajiri anayejulikana na jina lililoandikwa mahali. Sisi majina yetu yameandikwa wapi? Kwenye ubao wa mbao, kwa msumari, na mvua ikinyesha sote tunakuwa hatujawahi kuajiriwa. Ukidondoka unapewa pole na soda. Ukidondoka vibaya, soda mbili.

Mwaka 2021 ndipo tulipojua kwamba sisi ni watu. Ule mwaka wa madarasa ya UVIKO, mnaukumbuka? Serikali imepata mkopo wa trilioni 1.3 kutoka IMF, madarasa 15,000 nchi nzima yaishe kabla ya Januari watoto hawajafungua. Mafundi tuliadimika kuliko mafuta ya taa. Mwalimu mkuu alikuwa ananipigia saa kumi na moja alfajiri, si kuniuliza chochote, kunisalimia tu ajue kama sijaibiwa na shule ya jirani. Ananiita injinia. Mtendaji wa kata ananiletea maji ya chupa, anaifungua mwenyewe. Nilikuwa naweza kukaa juu ya kenchi, nikakunja uso kidogo, na kamati nzima ya ujenzi ikakimbia kununua misumari. Januari madarasa yakaisha. Februari nikampungia mkono mwalimu mkuu pale Nyegezi stendi, akaniangalia kwa upole, akaniuliza mwanangu yuko darasa la ngapi.

Tangu hapo tumerudi kwenye foleni.

Halafu nikasikia habari njema: zabuni za ujenzi mpaka bilioni 50 zimetengwa kwa wazawa. Mwanzo ilikuwa bilioni 10. Nikamwambia mke wangu, mama, mimi ni mzawa, nimezaliwa Misungwi, mashahidi wapo. Akauliza hizo bilioni tutaziweka stoo au uvunguni. Nikaenda kuuliza. Kumbe kuna Bodi ya Usajili wa Makandarasi, ina madaraja, la kwanza mpaka la saba, na kila daraja lina mitambo yake, wataalamu wake na kiwango cha kazi lisichoruhusiwa kuvuka. Zabuni zenyewe ziko kwenye mfumo wa NeST, unaomba kwa kompyuta. Mimi nina pima maji, mwiko, kamba, timazi na simu yenye kioo kilichopasuka. Nilipo mimi ni chini ya daraja la saba, kwa wale wanaokaa juu ya tofali wakisubiri kuitwa.

Kwa hiyo kazi ya mzawa inakuja kwa njia hii. Mkandarasi mwenye usajili anashinda. Anampa mkandarasi mdogo. Huyo anamtafuta mtu wa kuchukua hela ya ufundi tu. Huyo naye ana shemeji. Shemeji ana rafiki anayejua mafundi. Rafiki ndiye ananipigia. Kazi inanifikia ikiwa mapanki: minofu ya sangara ilishapanda ndege kwenda Ulaya, mimi nakabidhiwa kichwa na mgongo, naambiwa niwe mbunifu. Na ukuta ukipasuka, katika mlolongo wote huo, namba inayopatikana ni yangu.

Sasa tuje kwenye mawe, maana huwezi kuongelea ujenzi wa Mwanza ukaruka mawe. Wenzetu wa Shinyanga wanachimba msingi. Sisi tunajadiliana na mawe. Ukishuka futi moja, jiwe linakuuliza unakwenda wapi. Na mteja hataki kusikia, kwa sababu ameshapakua ramani ya nyumba kwenye simu, nyumba ya watu wa tambarare, sebule ndefu, gereji ya magari mawili, na kiwanja chake kiko Bugarika ambako hata mbuzi anapanda kwa kujishika.

Huyu niliyemfanyia kazi mwaka jana alikuwa na jiwe katikati ya chumba cha kulala. Si jiwe la kukaa. Jiwe la kuishi nalo. Nikamshauri tulizungushe, tulifanye kitako cha kitanda, watalii wanalipa kwa mambo ya namna hiyo. Akakataa. Baruti haziruhusiwi katikati ya watu bila kibali, na mashine ya kupasulia akasikia bei yake akahisi kizunguzungu. Basi tukarudi kwenye njia ya wazee: moto. Unapanga magogo juu ya jiwe, unawasha jioni, unachochea usiku kucha. Jiwe la juu linapata joto na kutanuka, la ndani bado baridi, linaanza kugombana lenyewe kwa lenyewe. Kijana wangu mmoja, katika kubana matumizi, akaongeza tairi la baiskeli. Mtaa mzima ukakohoa. Mjumbe akaja na taulo kiunoni kuuliza kama tunachoma jiwe au tunamchoma yeye. Alfajiri likatoa mlio mmoja, paa!, majirani wakazima taa. Nikashuka na tindo na nyundo, nikagonga kwenye ufa, bamba likabanduka, unene wa mkate. Moja. Kwa kuni za usiku mzima. Tulirudia hivyo mpaka mjumbe akazoea harufu.

Yale mabamba mteja akasema tuyatupe, yanamchafulia kiwanja. Tukayasukuma chini ya kilima. Pale chini kuna mama mmoja ana kibanda cha kanga juu ya miti minne, anapasua kokoto. Kama hujawahi kumwangalia mpasua kokoto, simama siku moja umwangalie. Ana kipande cha mpira wa tairi alichokikunja kuwa duara. Jiwe linakaa ndani ya duara lisiruke, nyundo inashuka, tena, tena, na kidole gumba cha kushoto kimefungwa kitambaa ambacho huwezi kujua kilikuwa rangi gani. Mtoto mgongoni amelala fofofo, hizo kelele kwake ni redio. Alituona tunatupa mawe. Hakusema neno, alisogeza tu kigoda.

Wiki tatu mbele mteja anataka kumwaga zege, anahitaji kokoto. Tunashuka kuzitafuta za karibu. Mama anatuonyesha rundo, safi, size moja, bei kwa debe. Mteja akashangaa ubora. "Zimetoka wapi hizi?" Mama akanyoosha kidole juu, kwenye chumba cha kulala cha mteja mwenyewe. Alilipa, afanyeje? Kununua jiwe lake mwenyewe kwa debe, baada ya kulipia kuni za kulichoma na vijana wa kulitupa. Mimi namheshimu yule mama kuliko mkandarasi yeyote wa daraja la kwanza. Hana deni, hana simu ya bosi, na malighafi inamfuata yenyewe kwa kuporomoka.

Mchanga nao una siasa yake. Unalipa tripu ya Fuso, dereva anakuja nayo ikiwa imetuna katikati kwa ustadi, pembeni hakuna kitu, na akishamwaga anaondoka kabla vumbi halijatulia. Wengine wanakuletea wa ziwani wenye magamba ya konokono, unapiga plasta, ukuta unabaki na macho. Na tofali za kununua, zile za mashine za barabarani, zishike kwa adabu. Mfuko mmoja wa kilo 50 wanautengenezea tofali nyingi kiasi kwamba simenti humo ndani imealikwa tu. Ukikohoa karibu yake inarudi kuwa mchanga.

Kuna matajiri wanataka nyumba ziwani kabisa, wimbi ligonge kibaraza wakinywa kahawa. Sheria ya Mazingira ya 2004 inasema mita 60 kutoka kwenye maji usifanye shughuli yoyote ya kudumu. Ukimwambia hivyo anakuangalia, anasema, "Wewe jenga, mengine niachie mimi." Mwaka 2020 ziwa lilipanda mpaka likavunja rekodi yake ya 1964, likaenda lenyewe kukagua ujenzi. Halikuomba kibali kwa mtu. Lilipita sebuleni, likapita jikoni, likakaa miezi. Wenye nyumba wakatupigia sisi mafundi kutuuliza kwa nini hatukuwaambia.

Bosi wangu wa sasa, yeye hana ziwa, ana simu. Yupo Dar, anajenga Kishiri kwa video. "Fundi, zungusha kamera. Mbona ukuta umepinda?" Ukuta haujapinda, bosi, huo mkono unatetemeka, sijanywa chai. Tulipomaliza linta, ule mkanda wa zege juu ya milango na madirisha, akaona kijana anamwagia maji, akapandwa na hasira: "Mnamwagilia nini, mmepanda mchicha? Hayo maji nalipia boza!" Nikamweleza zege haligandi kwa kukauka, linaganda kwa sababu simenti inakunywa maji, na linataka kumwagiliwa wiki nzima isipungue, ukiliacha likauke na jua la Kishiri linapasuka. Akasema kazi isimame kwanza amuulize mtaalamu wake. Mtaalamu ni binamu yake anayeuza vioo vya magari. Tukasimama. Mtaalamu akajibu jioni: endeleeni kumwagilia. Siku ile hatukulipwa, kwa sababu hatukufanya kazi.

Cheti ninacho, kwa wanaotaka kuuliza. VETA wana utaratibu wa urasimishaji ujuzi, fundi uliyejifunzia mtaani wanakupima unavyofanya kazi, ukifaulu unapewa cheti. Nikaenda. Kijana aliyenipima ana umri wa mwanangu wa pili, akaniambia, "Baba, pandisha kona." Nikapandisha. Akaleta timazi, akapima, akapima tena, akaandika. Nilitembea siku hiyo kifua mbele mpaka Nyakato nzima ikajua. Mke wangu kakitundika ukutani, chini ya kalenda. Nikakipiga picha, nikamrushia bosi. Akajibu: hongera sana fundi, sasa kwa kuwa umesoma, utatupunguzia bei kiasi gani?

Na sasa ni Jumamosi, siku ya malipo, siku ambayo mtandao wa simu wa mabosi wote wa nchi hii hupata hitilafu. Ijumaa jioni alikuwa anapatikana vizuri, anauliza rangi ya vigae. Jumamosi saa tano yuko kwenye kikao. Saa saba yuko msibani. Saa tisa yule dada anasema namba unayopiga haipatikani kwa sasa. Vijana wamekaa mstari, wameshanawa, wamepaka mafuta, wananiangalia mimi. Mimi namwangalia mama lishe. Mama lishe anafungua daftari.

Watu wanasema sekta ya ujenzi inaendeshwa na mabenki. Njooni mwone daftari lile, limekatika jalada, kurasa zina mafuta ya dagaa, kila jina lina mstari wake: wali maharage, ugali furu, chapati mbili, soda, ugali furu, advansi 2,000. Ile slabu ya ghorofa mnayoipita kule Nyegezi, iliyofunikwa vioo vya bluu, ilimwagwa kwa mkopo wa wali maharage. Mama hana riba, hana dhamana, ana jicho tu. Akikutazama mara ya pili bila kusema, unakwenda kukopa kwa mwingine umlipe.

Bosi amepatikana usiku, mkisoma hapa mjue. Katuma nusu. Nusu nyingine anasema tukimwaga jamvi, zege la sakafu ya chini.

Kwa hiyo Jumatatu tunamwaga jamvi Kishiri, nyuma ya shule, ulizia kwa fundi mwenye baiskeli. Nahitaji vijana wanne wa kubeba na mmoja wa kujaza. Saa kumi na mbili na nusu muwe mmefika, anayekuja saa mbili aje kama mgeni. Chepe lipo, toroli lipo lakini tairi linahitaji kupigwa pampu kila baada ya safari mbili, karai mje nayo, langu liko Geita. Malipo jioni hiyohiyo. Chai na chakula kwa mama, na jina lako ataliandika yeye mwenyewe, msimwandikie, juzi kuna mtu kaandika "Injinia" halafu mstari wake hauna mwenyewe mpaka leo.